Bakuli la mkate wa mayai na embe: maji yametoka wapi?

Kaskazi ikishashika na maembe kujaa sokoni, kitindamlo cha bakuli ndicho kinachofaa. Siku ya wageni huwashi oveni kabisa. Mkate wa mayai uliookwa jana unakatwa vipande na kunyunyiziwa shira, juu yake linakaa embe na pasheni, inafuata kastadi, inafuata krimu, kisha friji inamaliza kazi. Hata mtu ambaye hajawahi kupika pudini ataweza.

Ila wengi hurudi na lalamiko moja: jioni kilikuwa kizuri, asubuhi kimejaa maji. Na ushauri wanaopewa karibu kila mara ni kuongeza unga wa kastadi. Sikubaliani nao. Kastadi iliyozidi unga inanata kwenye kaakaa na kubaki na ladha ya unga, na maji yanaendelea kutoka vilevile, kwa sababu mara nyingi hayatoki kwenye kastadi. Kabla hujaongeza chochote, tafuta maji yametoka wapi. Sehemu kubwa ya matatizo ya bakuli hili ni maji yaliyohama au joto lisilofaa, ama limezidi ama halikutosha. Ukishajua ni lipi, marekebisho huwa madogo tu.

Vipimo ninavyovizungumzia

Ni bakuli la watu 8 hivi. Mkate wa mayai uwe wa mayai 4, sukari gramu 120, unga wa ngano gramu 120 na iliki ya kusaga nusu kijiko cha chai. Maembe makubwa 3 na pasheni 4. Kastadi ni maziwa nusu lita, unga wa kastadi vijiko 3 vya chakula visivyofura, na sukari vijiko 3. Shira ni sukari gramu 100 na maji mililita 100, vichemke mpaka sukari iyeyuke, ipoe, ukamulie nusu ndimu. Krimu ya kupiga mililita 250. Bakuli likae kwenye friji angalau saa 4 kabla ya kuandaliwa. Kama vipimo vyako viko mbali sana na hivi, rekebisha hapo kwanza, kisha endelea kusoma.

Kuna maji chini ya bakuli

Inamisha bakuli la kioo polepole upande mmoja uone yanapokusanyika. Kama si la kioo, zamisha kijiko pembeni hadi chini, uchote, uangalie. Rangi ndiyo itakayokuelekeza.

Yakiwa ya njano, maangavu, matamu na yananukia embe, yametoka kwenye tunda. Zaidi ya asilimia 80 ya nyama ya embe bivu ni maji, na kinachoyavuta nje ni sukari. Jaribu uone mwenyewe: kata embe vipande vya sentimita 2, nyunyizia kijiko kimoja cha sukari, acha sahani mezani nusu saa. Kwanza vipande vinang'aa. Baadaye kingo zake zinalegea, sukari inapotea machoni, na chini ya sahani kunakuwa na juisi ya kutosha kuchota kwa kijiko. Sasa fikiria jambo hilohilo likitokea usiku kucha ndani ya bakuli, chini ya kastadi, mahali ambapo huoni.

Kwa hiyo usitie sukari kwenye matunda ya bakuli hili. Utamu utoke kwenye shira na kastadi. Kama embe lako ni chachu kiasi kwamba haliliki bila sukari, tia sukari mapema, acha nusu saa, chuja, kisha juisi uliyopata uitumie kulowesha mkate badala ya shira. Hapo maji yanakaa mahali yanapotakiwa, na mkate unapata ladha ya embe ambayo shira tupu haiwezi kuupa. Kusema kweli, mimi hufanya hivi hata embe likiwa tamu.

Sababu ya pili ni embe lililopitiliza kuiva. Linalobonyea kwa uzito wa kidole halifai kukatwa vipande, lisage na ulitumie kama mchuzi wa juu wakati wa kuandaa. Ya tatu ni tikitimaji, ambalo maji yake yanapita asilimia 90. Hakuna namna ya kulilaza chini ya kastadi usiku mzima likabaki salama. Liweke juu dakika ya mwisho au liache. Ya nne ni matunda yaliyooshwa yakakatwa yangali yanachuruzika, na hili linarekebishwa kwa kitambaa safi tu.

Walioko Uingereza, Kanada na kwingineko kwenye baridi hununua embe lililogandishwa, lililokwisha kukatwa. Barafu imeshapasua chembe za tunda, hivyo likiyeyuka litamwaga maji hata bila sukari. Liyeyushie juu ya chujio ndani ya friji, na yale yanayodondoka yaende kwenye mkate.

Yakiwa meupe kama maziwa yaliyoongezwa maji, tatizo ni kastadi, na nitalieleza kwa urefu hapa chini. Ukiona matone safi yasiyo na rangi yamekaa juu ya kastadi au juu ya krimu, huo ni mvuke: bakuli lilifunikwa likiwa na joto, mvuke ukagusa kifuniko, ukarudi chini kama mvua. Acha kastadi ipoe kabla ya kufunika. Na ukiona matone yanayoteleza, yenye mafuta, tazama krimu au tui.

Kastadi haikuganda, au iliganda ikaachia

Hapa ndipo watu wanapoumia zaidi, na hapa ndipo sababu zinapofanana kwa sura huku zikitofautiana kabisa.

Kama haikuganda tangu mwanzo, karibu hakika haikuchemka. Unga wa kastadi ni wanga wa mahindi wenye rangi na harufu ya vanila. Wanga huo unaanza kuvimba joto likipita nyuzi 60 hivi, na ndipo unapoona kastadi inaanza kuwa nzito pembeni mwa sufuria. Mpishi mwenye hofu ya kuunguza anaipua hapohapo. Lakini chembe za wanga hazijavimba zote, na uzito utakaopata ni nusu ya ule uliolipia. Endelea kukoroga, ukikwangua chini na pembeni, mpaka mapovu makubwa yapasuke juu kwa uvivu, kisha hesabu dakika moja nzima ndipo uipue. Kastadi iliyoipuliwa mapema inaweza kurudishwa motoni siku hiyohiyo, na itashika bila kuongezwa unga.

Kama iliganda vizuri usiku na asubuhi imekuwa maji, ulitia kiini cha yai? Wengi huongeza viini ili kastadi iwe na mwili zaidi, jambo zuri. Unga wenyewe hauna yai: Alfred Bird, mkemia wa Birmingham, aliutengeneza mwaka 1837 kwa sababu mke wake hakuweza kula mayai. Ndani ya kiini kuna kimeng'enya kinachokata wanga vipande vidogovidogo. Kwa moto mdogo hakifi. Kastadi inaonekana imeshika, unaiweka kwenye friji, na usiku wote kimeng'enya kinaendelea kula ule wanga uliokuwa unashikilia maji. Dawa ni ileile ya kuchemsha. Watu huogopa kwamba yai litakatika, lakini wanga ukiwa mwingi kiasi hiki unalilinda yai, hivyo kastadi yenye unga na viini inaweza, na inapaswa, kuchemka kwa dakika 1 hadi 2.

Hukutia yai? Basi tafuta kijiko cha kuonjea. Mate yetu yana kimeng'enya cha aina hiyohiyo. Mtu akionja, akarudisha kijiko kwenye sufuria ya kastadi iliyopoa kidogo, akakoroga, akaonja tena, ameshaweka humo kinachoyeyusha wanga, na moto hautapita tena kukiua. Kwenye jiko lenye watoto wanaopita na kuchovya kidole, hii ni sababu ya kweli kuliko unavyodhani. Ukitaka kuonja, chota kidogo kwenye kisahani uonjee humo.

Halafu kuna kastadi iliyoganda, ikabaki imara, lakini ikatoa maji meupe pembeni. Hii kwa kawaida imesumbuliwa baada ya kushika. Kastadi ikishapoa na kutulia, wanga umejishika. Ukiivuruga kwa nguvu unavunja mshikamano huo, na haujengeki tena. Friza nayo inafanya hivyohivyo. Mtu ana haraka, anaingiza bakuli kwenye friza saa moja, pembeni panaganda barafu, na likiyeyuka kastadi inakuwa ya chengachenga na maji yake yamejitenga. Bakuli hili halina njia ya mkato ya baridi. Kama muda ni mfupi, tumia vikombe vidogo vya mtu mmoja mmoja badala ya bakuli kubwa, vitapoa upesi.

Swali linalofuata ni lini uimwage. Ikimwagwa ya moto inalegeza embe na kulitoa maji. Ikisubiri mpaka iwe baridi kabisa itabidi uivuruge ili imwagike. Imwage ikiwa vuguvugu, sufuria unaishika kwa mkono mtupu bila shida, na kastadi bado inatiririka kwenye mwiko. Wakati ikipoa ikoroge polepole kila baada ya dakika chache, au funika kwa karatasi ya plastiki iliyogusa uso wa kastadi yenyewe, ili utando usijitengeneze.

Madonge hutokea unga ukimwagwa moja kwa moja kwenye maziwa ya moto. Toa maziwa ya baridi vijiko 5 au 6, koroga unga na sukari humo mpaka ulainike, ndipo umimine kwenye maziwa yanayokaribia kuchemka huku mkono mwingine ukikoroga. Madonge yakishatokea, pitisha kastadi kwenye chujio ikiwa bado ya moto, usihangaike kuyaponda kwa mwiko. Na ikishika chini ya sufuria ikaanza kunukia moshi, usikwangue. Mimina ya juu kwenye sufuria nyingine taratibu, uonje. Kama harufu imeshaingia, haitoki kwa vanila wala kwa iliki. Pika nyingine.

Mkate umekuwa uji, au umebaki mkavu

Ninapendekeza mkate wa mayai, ule wa asili, kwa sababu hauna siagi wala mafuta. Una vijishimo vingi na hauna kinachozuia shira kuingia, hivyo unakunywa sawasawa kila upande. Keki ya siagi ni nzuri kwa chai, lakini mafuta yake yanaikataa shira, inateremka chini na kukusanyika, nawe unadhani embe ndilo lililomwaga maji. Ukiwa na keki ya siagi tu, punguza shira kwa nusu.

Mkate ukiwa uji, kwanza angalia ulioka lini. Uliotoka jikoni leo una unyevu wake bado na hauna nguvu ya kubeba shira. Wa jana, ukakatwa vipande vya sentimita 2 na kuachwa wazi kwenye sinia kwa saa moja, unashika umbo lake. Pili, angalia ulivyotia shira. Usimimine kutoka kwenye jagi. Tumia kijiko, vijiko 6 hadi 8 vya chakula kwa mkate mzima wa mayai 4, na shira iwe imepoa. Kumbuka kwamba embe nalo litaongeza kidogo, hivyo uuache mkate ukiwa na kiu kidogo.

Ukiwa mkavu katikati na umelowa nje, vipande ni vinene mno. Ukiwa na tabaka zito linalonata chini, lililokataa shira kabisa, kosa lilikuwa kwenye uokaji: unga ulizama kwa sababu mayai na sukari hayakupigwa vya kutosha, au unga uliingizwa kwa kukoroga badala ya kukunjwa taratibu. Mayai yapigwe mpaka ukiinua mchapo, kile kinachodondoka kikae juu ya mchanganyiko kwa muda kabla ya kuzama. Wanaooka kwa mkaa juu na chini wapunguze wa chini, uwe mchache kuliko wa juu. Tabaka lile zito likishakuwepo, likate ulitoe. Ni la kula na chai, bakulini halifai.

Kuna uchungu ambao sikuutia

Swali hili huja sana, na jibu lake karibu siku zote ni nanasi au papai. Mtu ameona embe limepanda bei, akaweka nanasi bichi, yaani lililoiva lakini halijapikwa. Baada ya saa chache kitindamlo kinaacha uchungu nyuma ya ulimi, na krimu au kastadi iliyogusana na nanasi imelegea.

Nanasi lina kimeng'enya kinachokata protini, na papai lina cha kwake, ndiyo maana papai bichi hulainisha nyama ya mishikaki. Kwenye bakuli letu protini inayokatwa ni hasa ya maziwa. Ikikatwakatwa, vipande vinavyobaki vina ladha chungu. Nanasi halijaharibika na maziwa hayajachacha, ila vimekutana kwa muda mrefu mno.

Moto unamaliza tatizo hili. Chemsha vipande vya nanasi kwenye shira kwa dakika 5, joto liingie mpaka katikati ya kipande, acha vipoe, chuja, utumie bila wasiwasi. Nanasi la kopo limeshapitishwa kwenye joto, nalo ni salama. Papai likichemshwa linapoteza uzuri wake, hivyo napendelea liwekwe juu likiwa limeiva, bila kupikwa, wakati wa kula, lisilale na maziwa.

Maziwa yaliyokatika, yenye chengachenga, ni jambo jingine. Hapo kimefanya kazi uchachu wa pasheni au ndimu. Pasheni iwekwe juu ya embe, ipate kunyweka na mkate. Usiichanganye kwenye kastadi inayochemka.

Jeli haigandi

Wanaopenda kuongeza tabaka la jeli hukutana na kimeng'enya hichohicho cha nanasi, kwa sababu jelatini nayo ni protini. Jeli ya nanasi bichi haitaganda hata ukiiacha mpaka kesho kutwa. Lichemshe nanasi kama nilivyoeleza.

Kama hakuna nanasi wala papai humo, basi ni joto la jiko lako. Jelatini hulegea joto likifika nyuzi 30 hivi, na mchana wa Februari Dar es Salaam au Mombasa unafika hapo bila taabu. Kwa pwani mimi nashauri chaina grasi. Inatokana na mwani, hivyo anayejali asili ya jelatini, kama ni ya ng'ombe au ya mnyama mwingine, hana la kuhofia. Haiguswi na vimeng'enya vya matunda, na ikishaganda haiyeyuki mpaka joto likaribie nyuzi 85. Sharti lake moja ni kwamba ichemke kikamilifu mpaka nyuzinyuzi zake zote zipotee. Jelatini ni kinyume: iyeyushwe kwa maji ya moto, isichemshwe. Waliozoea moja wakihamia nyingine hukosea hapo.

Krimu haisimami

Soma boksi kabla hujailaumu mashine. Krimu ya kupiga inahitaji mafuta yasiyopungua asilimia 30, na ikiwa 35 ni bora zaidi. Ile krimu ya kopo au ya boksi dogo ya kutia kwenye mchuzi ina mafuta machache kuliko hapo, na hutapata povu linalosimama hata ukiipiga mpaka mashine ishike moto. Kwenye orodha ya vilivyomo mara nyingi utaona E407. Hiyo ni karagenani, kitu cha kuzuia krimu isijitenge, kinachotokana na mwani wa aina ile inayolimwa Paje na Jambiani, Zanzibar, tangu 1989. Ipo pale kuzuia kujitenga, haitachukua nafasi ya mafuta.

Kama mafuta yanatosha, ni baridi iliyopungua. Povu la krimu linashikwa na chembe za mafuta zilizoganda. Krimu, bakuli na mchapo vyote viwe vimetoka kwenye friji, krimu iwe karibu na nyuzi 5. Jikoni penye nyuzi 32, weka bakuli la kupigia ndani ya sinia yenye barafu na maji. Piga asubuhi mapema au usiku. Sukari iingie krimu ikishaanza kuwa nzito.

Ikiwa ya chengachenga na ya njano kidogo, umepitiliza, na hatua inayofuata ni siagi. Ukiwahi, mimina krimu ya maji vijiko 2 au 3, ukunje kwa mwiko, itarudi. Ukichelewa ikatoa maji, endelea kupiga ufanye siagi, kisha utafute krimu nyingine.

Ambapo krimu ya kupiga haipatikani au bei yake haishikiki, kuna njia mbili ninazoziamini. Ya kwanza ni tui: kamua tui la kwanza lililo zito, acha kwenye friji usiku, chota lile lililoganda juu, ulipige kidogo na sukari. Halitasimama kama krimu, lakini kwa embe sidhani kuna kinachofaa kuliko nazi. Ya pili ni maziwa mazito ya kopo yenye sukari. Kopo la gramu 397 likichanganywa na juisi ya ndimu au pasheni mililita 120 linakuwa zito papo hapo bila moto, kwa sababu uchachu unaikusanya protini ya maziwa. Ukitumia njia hii, toa sukari kwenye kastadi, vinginevyo utamu utaziba harufu ya tunda.

Embe lina nyuzi, ni chachu, au halina ladha

Nyuzi ni suala la aina. Ngowe, na lile linaloitwa apple huko Kenya, karibu hayana nyuzi, na Kent na Keitt zinafaa pia. Tommy Atkins linavutia kwa rangi yake nyekundu lakini lina nyuzi zaidi. Embe la kienyeji lenye nyuzi na harufu kali ya kupendeza usilitupe, lisage, lichuje, ulitumie kwenye shira au kama mchuzi wa juu.

Embe la njano nje na chachu karibu na kokwa lilichumwa changa, likavundikwa kwa haraka. Rangi si kipimo. Nusa sehemu ya kikonyo: likinukia, limeiva, likikaa kimya, lisubiri. Lisubiri nje ya friji, kwa sababu embe bichi likipata baridi chini ya nyuzi 12 hivi ngozi yake inakuwa na madoa na haliivi vizuri tena. Likishaiva ndipo liingie.

Harufu ya tapentaini inatoka kwenye utomvu ulio karibu na ganda na kikonyo. Osha embe kabla ya kulimenya, kata upande wa kikonyo kwa ukarimu, umenye kwa kina kidogo zaidi hapo.

Na kama kila kitu kimekwenda sawa lakini utamu haupo, huenda kimezidi baridi tu. Ulimi hausikii utamu vizuri kwenye chakula cha baridi sana. Kitoe dakika 10 kabla ya kula, na unapoonja kastadi ya moto wakati wa kupika, iache ikiwa tamu kidogo kuliko unavyotaka.

Ndizi zimekuwa nyeusi

Ndizi, tufaha na parachichi hubadilika rangi zikikutana na hewa. Zipake juisi ya ndimu na uzifukie katikati, chini ya kastadi, mahali hewa isipofika. Juu weka embe, pasheni au stroberi za Lushoto ukizipata.

Umeme umekatika

Usifungue friji. Ikiwa imefungwa muda wote itabaki na baridi ya kutosha kwa takriban saa 4. Muda ukizidi hapo bila umeme kurudi, hamishia bakuli kwenye boksi lenye barafu.

Maziwa, mayai na krimu havivumilii meza ya pwani. Kwa kawaida kitindamlo hiki kisikae nje zaidi ya saa 2, na siku ambayo joto limepita nyuzi 32, saa 1. Huwezi kujua kwa kunusa, kwani chakula kinaweza kuwa na vijidudu vya kutosha kumlaza mtu kabla hakijabadilika harufu. Kwenye futari au shughuli yenye watu wengi, tengeneza mabakuli mawili madogo badala ya moja kubwa, moja litoke na la pili libaki kwenye baridi mpaka la kwanza liishe.

Ukikipeleka mbali, usikipange nyumbani. Beba mkate uliolowa kwenye chombo chake, embe kwenye chake, kastadi imeshaganda kwenye vikombe, krimu juu ya barafu. Ukifika, kwenye kila sahani weka kipande cha mkate, mwagia embe na pasheni, chota kastadi pembeni, malizia na krimu. Hakitakuwa na matabaka ya kuonyesha kwenye kioo, lakini mkate utakuwa mzima na embe litakuwa na maji yake ndani.